Boriti ya Nyumba ya Wakfu

Vijana wa masijala wameniomba niandike jambo kabla sijafunga mizigo kurudi Upareni. Nadhani walitegemea niwaeleze jinsi ya kupanda cheo. Hilo silijui vizuri. Vyeo vilinijia kwa kuchelewa, kama mabasi ya Kibondo wakati wa masika, na vilipofika nilikuwa nimeshazoea kutembea kwa miguu. Ninachokijua mimi ni majalada. Kwa hiyo nitawaeleza habari za jalada moja, ambalo hadi leo nikilikumbuka nacheka peke yangu jikoni.

Niliripoti Mahakama ya Mwanzo Kasulu mwanzoni mwa miaka ya sabini, nikiwa binti ambaye hajawahi kukaa mbali na mama yake zaidi ya wiki mbili. Nilishuka kwenye basi asubuhi nimevaa viatu vya kisigino kirefu nilivyonunua Moshi. Udongo mwekundu wa Kasulu ulivimeza kabla sijavuka barabara. Niliingia mahakamani peku, kiatu kimoja mkononi, kingine nimemwachia mama mmoja muuza ndizi akihangaika kukichomoa topeni.

Karani mkuu, Mzee Mpozemenya, aliniangalia kuanzia kichwani mpaka miguuni.

"Shikamoo, mzee," nikasema.

"Marahaba, binti. Karibu. Wanaotoka mbali wote huanza hivyo. Aliyekutangulia alipoteza vyote viwili."

Mzee Mpozemenya alikuwa Muha, mwenyeji wa Heru Juu, mfupi, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi upande mmoja. Yeye ndiye aliyekuwa karani, mkalimani, mtunza majalada, na fundi wa taipureta yetu, ambayo herufi ya K ilikuwa inakwama. Siku yangu ya kwanza nilipiga barua nzima inayohusu "esi ya ng'ombe wa asulu". Aliisoma, akaitia sahihi, akasema huko inakokwenda wameshazoea.

Siku hiyohiyo mama mmoja mzee alipanda kizimbani akazungumza Kiha kwa muda mrefu. Mzee Mpozemenya alitafsiri kwa hakimu. Mimi nilikuwa nimepewa karatasi nijizoeze kuandika, nikaandika: Shahidi anakubali. Baadaye alinirudishia ile karatasi.

"Yule mama amesema nini?"

"Amekubali, mzee."

"Amesema, kama ng'ombe angejua kusema angekuja mwenyewe kuwaaibisha. Huko ndiko kukubali?"

"Nilidhani..."

"Usidhani. Andika alilosema, lenye maana na lisilo na maana. Wewe bado hujui lipi ni lipi. Hata mimi sijui, na nimezeekea humu."

Akafungua saraka akanipa daftari la kawaida la shule. Alinieleza kwamba hakimu ndiye anayeandika mwenendo wa kesi, naye huandika kile anachoona kitamsaidia kutoa hukumu. Karani mwenye akili huandika pembeni kile kinachobaki. Nilifanya hivyo kwa miaka yote ya kazi. Nilipostaafu nilikuwa na sanduku zima la madaftari, na mwanangu ananiuliza kila siku litakaa wapi.

Baada ya miaka mitatu nikahamishiwa Kibondo. Mji ulikuwa mtaa mmoja wa maduka, ofisi za serikali, soko, kanisa upande huu na msikiti upande ule, na baridi ya asubuhi iliyonikumbusha nyumbani. Hakimu wetu alikuwa Bwana Mwaipopo, mtu wa Tukuyu, mkubwa wa mwili, mpole, mwenye maandishi madogo kama nyayo za kuku. Tulikuwa wageni sote wawili, yeye wa Moraviani, mimi wa Kilutheri, na kesi kubwa ya kwanza tuliyoletewa pamoja ilihusu mali ya msikiti.

Kesi yenyewe ilikuwa hivi. Kando ya msikiti palikuwa na nyumba ya bati yenye vyumba vinne na baraza pana. Ilijengwa na Mzee Kombo, mfanyabiashara aliyekuja kutoka pwani zamani sana, akaishi Kibondo mpaka akafa bila mtoto. Watu wa msikiti walisema Mzee Kombo aliitoa nyumba ile wakfu, maana yake aliitoa kwa ajili ya Mungu, isiuzwe wala isirithiwe na mtu, na manufaa yake yawe ya msikiti na madrasa. Katika chumba cha nyuma ndimo Bi. Mwanaidi, mama wa makamo aliyelelewa na Mzee Kombo, alimokuwa akifundisha watoto Kurani. Hapakuwa na karatasi. Kama iliwahi kuwapo, mchwa walikuwa wameshaisoma.

Karatasi pekee iliyokuwapo ilikuwa ya kiwanja, nayo ilikuwa na jina la marehemu Hamisi, rafiki wa Mzee Kombo, aliyekabidhiwa nyumba baada ya Kombo kufa. Hamisi alikaa humo mpaka naye akafa, akamwacha mwanawe Rajabu, fundi cherehani, aliyeshonea pale barazani. Sasa Rajabu alikuwa anataka kuiuza. Mnunuzi kutoka Kakonko alikuwa ameshakuja akaipima kwa hatua zake, akasema chumba cha nyuma kitafaa kuwekea makreti ya bia. Watoto wa madrasa walimsikia wakaenda kusema kwao. Siku tatu baadaye kamati ya msikiti ilikuwa mahakamani.

Mdai alikuwa Mzee Sefu, mwenyekiti wa kamati, muuza vitambaa, mtu aliyenyooka mwili na maneno. Kizimbani alisema, "Marehemu Hamisi alikabidhiwa mali ya Mungu, akaenda ofisi ya ardhi akajiandikia jina lake. Sasa mwanawe anamalizia wizi wa baba yake."

Nilimtazama Rajabu. Mpaka hapo alikuwa amekaa kama mtu anayesubiri zamu yake kwa kinyozi. Neno hilo lilipotoka, aliificha mikono yake chini ya mapaja.

Zamu yake ilipofika hakusema sana. "Mheshimiwa, nilizaliwa ndani ya nyumba ile. Baba hakuwahi kuniambia ni ya nani, nami sikuwahi kumwuliza, kwa kuwa mtoto haulizi nyumba ya baba yake ni ya nani. Wananiita mwana wa mwizi msikitini, sokoni, mpaka kwenye kisima. Kwa miaka miwili sisali pale. Nauza, nahama, basi."

"Ukiuza utakwenda wapi?" hakimu akauliza.

"Popote wasipomjua baba yangu, Mheshimiwa."

Hapo nilielewa kwamba kesi ile ilikuwa na mambo mawili ndani yake, na ni moja tu lililoandikwa kwenye hati ya madai.

Shahidi wa kamati alikuwa Bi. Mwanaidi. Alikuja na buibui lake limepauka kwa jua, akaapa, akaulizwa kama alimsikia Mzee Kombo akisema nyumba ni wakfu.

"Nilimsikia."

"Ulimsikia akiwaambia watu gani?"

"Aliwaambia wazee, na wote wamekufa. Mimi nilikuwa jikoni napika uji wa mafundi, na yule fundi wa Kiha alikuwa juu ya paa anaimba nyimbo zake za kanisani, Mzee Kombo anacheka tu chini."

Hakimu akaandika: Shahidi alikuwa jikoni, wazee waliosikia wamefariki. Ilikuwa sahihi kisheria. Mimi kwenye daftari langu nikaandika yote, pamoja na uji na nyimbo za kanisani.

Jioni nilipokuwa nikipiga nakala, nilirudi kwenye mstari ule mara tatu. Asubuhi nikaupeleka kwa hakimu.

"Mheshimiwa, wazee wamekufa. Lakini fundi hakuna aliyesema amekufa."

Aliusoma. Akavua miwani. Akaita mlangoni kwa tarishi aende kumwuliza Bi. Mwanaidi fundi yule aliitwa nani. Jibu lilirudi kabla ya saa nne: Filipo, mtu wa Titye, wilaya ya Kasulu, kama bado yu hai. Hakimu akaandika samansi kwa mamlaka ya mahakama yenyewe, si ya upande wowote. Kisha tarishi akashikwa na malaria.

"Utakwenda mwenyewe, Karani?" Bwana Mwaipopo aliniuliza, kama mtu anayetegemea kusikia hapana.

Nilikwenda. Nilipanda lori la maharage mpaka Kasulu, nimekaa juu ya magunia na mama mmoja aliyebeba kuku wawili. Mzee Mpozemenya aliniazima baiskeli yake, akaniandikia kwenye kiganja, si kwenye karatasi, jina la kijiji cha kwanza cha kuulizia, maana alisema karatasi nitaipoteza. Kufika Titye haikuwa taabu. Taabu ilikuwa kumpata mtu. Ni miaka ile watu walipohamishwa kutoka milimani kwenda kwenye vijiji vipya kando ya barabara, na kila niliyemwuliza alinionyesha vizuri sana mahali Filipo alipokuwa akikaa zamani.

Nilimpata saa nane mchana, amekaa juu ya gogo anaranda benchi la kanisa. Mzee mwembamba, mwenye mikono mikubwa isiyolingana na mwili. Nilimwamkia kwa Kiha kile nilichokuwa nacho, "Mwakeye," nikasikia watoto wakicheka nyuma yangu, maana ni salamu ya asubuhi. Nikampa samansi. Aliigeuzageuza.

"Mimi sijaiba kitu."

"Hujaitwa kwa wizi, mzee. Unaitwa kuwa shahidi. Ni ile nyumba ya Mzee Kombo, Kibondo, kando ya msikiti."

Aliweka randa chini. Uso wake ulifunguka, nikaona jinsi alivyokuwa ujanani.

"Ile nyumba? Niliandika mimi kwenye boriti. Kwa patasi. Mpaka leo sijui niliandika nini."

Nikamzuia hapohapo. "Mzee, usiniambie mimi. Mambo hayo utamwambia hakimu."

"Lakini ni boriti ya..."

"Mzee, tafadhali."

Sikilizeni, ninyi mnaoanza kazi. Karani hachukui ushahidi chini ya mti, wala njiani, wala akiwa amepewa ugali na maharage mazuri kama yale ya mke wa Filipo. Nilikula nimeinamisha kichwa, kila mara mzee akifungua mdomo nasifu maharage. Mke wake alidhani sijala kwa siku mbili. Nilirudi Kibondo na ile sentensi moja kifuani, safari nzima juu ya magunia, bila ruhusa ya kumwambia mtu. Yule mama wa kuku, ambaye nilirudi naye kwenye lori lilelile, aliniuliza mbona natabasamu peke yangu. Nikamwambia nimepata habari njema za ndugu. Mungu anisamehe.

Siku ya kesi mahakama ilijaa mpaka madirishani. Filipo alikuja amevaa koti la kanisani, akaapa kwa Biblia, akasimama wima.

"Mzee Kombo alinijia na karatasi," alisema. "Akaniambia, Filipo, zichonge herufi hizi kwenye boriti ya chumba cha nyuma, usiache hata nukta moja. Nikamwambia, mzee, mimi maandishi hayo ya Kiarabu siyasomi. Akasema, ndiyo maana nimekuchagua wewe, anayejua kusoma ataongeza lake. Nikachonga siku mbili. Alinipa mbuzi."

Rajabu aliruhusiwa kumwuliza maswali. "Mzee wangu, mimi nimezaliwa mle. Mbona sijawahi kuona maandishi yoyote?"

"Ulipozaliwa palikuwa na dari?"

"Dari ipo tangu nimepata akili."

"Mimi sikuweka dari. Aliyeiweka alitumia misumari mifupi. Nimeiona leo nikipita dirishani. Itawaangukia."

Watu wakacheka, na hakimu akainamia karatasi zake ili asionekane. Kisha akasema mahakama inahamia kwenye nyumba yenyewe, sasa hivi, washauri wa mahakama, wadaawa, mashahidi na karani. Ndivyo tulivyotoka kwa mstari, tukavuka soko, na soko zima likafunga na kutufuata.

Chumba cha nyuma kilikuwa na mikeka, mbao za kuandikia za watoto zimepangwa ukutani, na dari ya mbao nyembamba. Bi. Mwanaidi alieleza kwamba Hamisi ndiye aliyeiweka, kwa sababu vumbi la paa lilikuwa likiangukia maandishi ya watoto. Filipo akaomba nyundo. Rajabu akaichukua kabla yake.

"Nyumba bado ni yangu mpaka hukumu," alisema. "Nitabomoa mimi."

Akapanda juu ya meza. Ubao wa kwanza ulitoka kwa urahisi. Filipo alikuwa amesema kweli kuhusu misumari. Wa pili ulishuka na kiota cha panya, na vumbi la miaka yote hiyo likamwangukia mshauri mmoja wa mahakama, ambaye mpaka wakati ule alikuwa amesinzia kwa heshima. Wa tatu ulipotoka tuliiona boriti, ya mninga, nyekundu, na ubavuni mwake mistari miwili ya herufi zilizochongwa kwa kina, safi, kama zimemalizwa jana.

Mzee Sefu, aliyekuwa amesoma Kurani tangu utoto, akasogea. Alitazama. Akapanda kwenye kiti, akatazama tena.

"Hizi si herufi," alisema mwishowe, kwa shida, maana alikuwa anajiumiza mwenyewe. "Zinafanana na herufi. Lakini hazisomeki. Ni mikwaruzo."

Rajabu alishusha pumzi. Filipo aliangalia mikono yake mikubwa kana kwamba ndiyo iliyomwaibisha. Hakimu alifungua kalamu kuandika, nami nilijua atakachoandika, na moyo wangu ulishuka mpaka kwenye viatu. Viatu hivyo vilikuwa vya bapa.

Bi. Mwanaidi alikuwa amesimama mlangoni. Alikunja shingo upande mmoja. Akaikunja zaidi. Akamgeuzia mgongo hakimu, akainama, akachungulia juu kwa chini kama mtoto anayecheza. Halafu akaanza kucheka, cheko la taratibu lililomtikisa mabega.

"Fundi," akasema, "kabla ya dari nilidhani ni nakshi tu. Mmeipandisha kichwa chini."

Filipo alifikiri. "Tulikuwa wanne tunaipandisha," alisema. "Ilikuwa nzito. Tuliigeuza mara moja ili ikae vizuri kwenye ukuta." Akaitazama boriti. "Mzee Kombo alikuwa safarini Ujiji. Aliporudi, akaiangalia sana, akacheka mpaka akakaa chini. Nilidhani amefurahi."

Msinione mtu mzima leo. Nilikuwa karani wa serikali, na nilikuwa nimeuma kalamu ili nisipasuke. Hakimu Mwaipopo, mwili wake wote ule, aliinama akachungulia kati ya miguu yake mwenyewe kuhakikisha, na soko zima dirishani likaona.

Lakini sheria ni sheria. Hakimu akaamuru zinakiliwe mbele ya wote. Bi. Mwanaidi akachukua ubao wa kuandikia wa mtoto, akanakili kila alama kama ilivyoonekana juu, huku Filipo na Rajabu wakihakikisha kwamba hakuongeza wala hakupunguza. Kisha akaugeuza ubao, juu ukawa chini, akamkabidhi Mzee Sefu.

"Soma wewe," akamwambia. "Wewe ndiye mdai."

Mzee Sefu akasoma kwa sauti. Maneno yalikuwa Kiswahili, herufi za Kiarabu.

"Mimi Kombo nimetoa nyumba hii wakfu kwa msikiti. Haiuzwi. Hairithiwi."

Watu walianza kushangilia. Lakini mimi nilikuwa namtazama Mzee Sefu, nikaona macho yake yametangulia kwenye mstari wa pili, na mdomo umefungwa.

"Umemaliza?" hakimu akauliza.

"Bado, Mheshimiwa."

"Endelea."

Akasoma mstari wa pili. "Mwangalizi wake ni Hamisi, niliyemwamini. Na baada ya Hamisi, mwanawe."

Hakimu akamwuliza Rajabu kama anataka mtu wake mwenyewe asome. Rajabu alikuwa bado juu ya meza na nyundo mkononi. Hakimu akamwita muuza duka mwingine aliyekuwa dirishani, asiye wa kamati, akasoma, na maneno yakawa yaleyale. Rajabu akashuka, akakaa mkekani mahali watoto wanapokaa, akafunika uso kwa mikono ile ambayo siku ya kwanza aliificha chini ya mapaja. Alilia bila kujificha. Mzee Filipo, aliyekuwa hajui vizuri kilichotokea, akakaa kando yake akamshika bega, akasema tu, akimtaja Mungu kwa Kiha chake, "Imana yupo, mwanangu, Imana yupo."

Hukumu ilisomwa baada ya wiki mbili. Nyumba ni wakfu, haiuzwi. Rajabu ndiye mwangalizi wake, kama alivyotaka aliyeitoa, na atatoa hesabu kwa kamati kama mwangalizi yeyote. Jina la Hamisi liliandikwa kwenye karatasi ya kiwanja kwa sababu ofisi ya ardhi ilitaka jina la mtu, na yeye ndiye aliyekabidhiwa. Halafu Bwana Mwaipopo akaongeza aya ambayo hakuna aliyeiomba kwenye hati ya madai: kwamba maneno yaliyosemwa mahakamani dhidi ya marehemu Hamisi hayakuthibitishwa na chochote, na ushahidi wote unaonyesha alikuwa mtu aliyeaminiwa na akatunza alichoaminiwa. Niliipiga aya hiyo kwa taipureta ya Kibondo, ambayo herufi zake zote zilifanya kazi, na nilifurahi kwa hilo.

Rajabu akatualika kula. Hakimu akakataa. Muda wa rufaa ni siku thelathini, alisema, na mahakama haili kwa mtu ambaye kesi yake bado inaweza kurudi. Basi tukasubiri. Sijawahi kuona watumishi wa serikali wakihesabu siku kwa uaminifu kama ule. Siku ya thelathini na moja, ambayo kwa bahati ilikuwa Ijumaa, harufu ya pilau ilifika masijala kabla ya saa tano.

Tulipofika, sufuria zilikuwa bado zimefunikwa. Rajabu alikuwa ametoka msikitini, ameswali safu ya mbele, bado amevaa kanzu. Alikuwa na nakala ya hukumu iliyopigwa muhuri, ameikunja ndani ya kitambaa alichokishona mwenyewe.

"Dada Karani," aliniambia, "kabla hatujala nina ombi. Nataka baba asomewe. Mimi nasoma polepole, atachoka."

"Kwa nini mimi? Hapa kuna masheikh."

"Wao wamemsomea dua. Hii ni karatasi ya serikali, na wewe ndiye mtu wa serikali."

Nilimtazama Bi. Mwanaidi. Akanivalisha kanga moja kichwani, nyingine mabegani, akanisukuma kidogo mgongoni. Tukaenda makaburini nyuma ya mji, watu kama kumi na wawili, na Bwana Mwaipopo na Filipo kwa nyuma, kofia zao mkononi. Jua lilikuwa kali na nyasi zimekatwa karibuni. Nikasimama miguuni pa kaburi la mtu ambaye sikuwahi kumwona, binti wa Kilutheri kutoka Upareni, nikafungua hukumu.

Sikuruka kitu. Nilianza na jina la mahakama na namba ya shauri, nikataja wadaawa, nikasoma madai yote, hata yale mabaya, kisha mashahidi, kisha boriti. Nilipofika kwenye ile aya ya mwisho nilisikia mtu ananyanyuka nyuma. Mzee Sefu akaja mbele, akachuchumaa, akaweka kiganja juu ya udongo wa kaburi. "Hamisi," alisema, "mimi ndiye niliyesema. Nisamehe." Rajabu akamwinua, wakabaki wameshikana mikono.

Karatasi ilikuwa bado haijaisha. Chini kabisa ya kila hukumu kuna mstari ule mnaoujua, na mimi nilikuwa nimefundishwa kutoacha hata mstari, kwa hiyo nikausoma kwa sauti ileile: Haki ya kukata rufaa imeelezwa kwa pande zote.

Ndege fulani alilia mbali. Rajabu aliinama kidogo kuelekea kaburini, kama mtu anayesikiliza mlangoni, akangoja kwa heshima. Kisha akanyanyuka, uso wake umelowa na meno yote nje.

"Hakuna rufaa," alisema. "Twendeni tukale."